Mjadala: Mabinti wa viwandani wa Japani ya kabla ya vita: gharama isiyoepukika au dhuluma iliyochaguliwa?

MLETA MADA

Wakuu, salaam kwenu.

Kila mjadala wa viwanda unapozuka, hakosekani mtu wa kutuletea mfano wa Japani. Hoja yake mnaijua: Wajapani walianza wakiwa maskini, wakafunga mikanda, kizazi kimoja kikakubali ujira mdogo na saa nyingi za kazi, na leo wajukuu wao wanafaidi. Basi na vijana wetu wakubali, waache kudai. Nimeisikia kwa viongozi, nimeisikia kwa wenye mitaji, na mara nyingi anayeitoa ana nia njema kabisa.

Mimi nauliza: aliyefungwa huo mkanda ni nani hasa?

Ukiitazama Japani kuanzia miaka ya 1870 hadi vita na China ilipoanza 1937, aliyebeba mzigo ana sura na ana umri. Ni binti wa miaka 12, 15, 20, mtoto wa mkulima anayelima shamba la kukodi. Hadi kukaribia 1930, zaidi ya nusu ya wafanyakazi wa viwandani nchini humo walikuwa wanawake, na wengi wao walikuwa kwenye hariri na pamba. Hariri ghafi iliongoza mauzo ya nje kwa miongo mingi. Fedha hizo za kigeni ndizo zilizonunua mitambo, chuma na manowari.

Binti huyo alifikaje kiwandani? Dalali alikuja kijijini, akazungumza na baba. Mkataba ulipigwa muhuri wa baba, fedha ya kutanguliza ikaingia mkononi mwa baba, na binti akaondoka nyumbani akiwa tayari ana deni. Akikimbia kabla ya muda, familia inadaiwa. Wale wa Hida, katika mkoa wa Gifu, walikwenda kwa miguu hadi Okaya kando ya Ziwa Suwa, wakivuka njia ya mlimani ya Nomugi, mita 1,672 juu ya usawa wa bahari, kwenye theluji. Huko walikaa kwenye mabeseni ya maji ya moto, wakivuta uzi kutoka kwenye vifukofuko vya viwavi wa hariri vilivyochemshwa, mikono imelowa kutwa, chumba kimejaa mvuke. Saa 13 au 14 kwa siku zilikuwa za kawaida, na msimu ulipopamba moto zilizidi hapo.

Malipo nayo yasikilizeni vizuri, kwa sababu ndipo akili ya mfumo ilipolala. Kazi ya kila mmoja ilipimwa: uzi kiasi gani, umenyooka kiasi gani, umeharibika kiasi gani. Kisha ikalinganishwa na wastani wa wenzake. Aliye juu ya wastani aliongezewa, aliye chini alikatwa, na nyongeza ya huyu ilitoka kwenye makato ya yule. Mwenye kiwanda hakuongeza hata senti. Binti hodari aliweza kurudi nyumbani mwisho wa mwaka na yeni 100, na sifa zake zikaenea vijijini hadi wazazi wengine wakamkimbilia dalali. Jirani yake wa beseni la pili alirudi na kidogo sana, au na deni.

Upande wa pamba, kiwanda cha Osaka kilichoanzishwa kwa juhudi za mfanyabiashara Shibusawa Eiichi kilianza uzalishaji 1883 kikiwa na pia 10,500 (vijiti vya mashine vinavyosokota uzi), na muda si mrefu kikawa kinafanya kazi usiku na mchana. Viwanda vingine vikaiga. Zamu mbili za saa 12. Waliolala bwenini walipewa nafasi ya mkeka mmoja kwa kila mtu, na godoro moja lilitumika na wawili: huyu akiamka kwenda kazini, yule anarudi kulilalia. Lango lilifungwa, na kutoka nje kulihitaji ruhusa.

Sasa nifike kwenye hoja yangu. Serikali ilijua haya yote. Mwaka 1903 Wizara ya Kilimo na Biashara ilikamilisha ripoti kubwa ya hali ya wafanyakazi wa viwandani, na ndani yake mna maelezo ya mabinti wenyewe kuhusu adhabu, vipigo na malipo. Mwaka 1911 Sheria ya Viwanda ikapitishwa. Ikasubiri miaka mitano kuanza kutumika, 1916. Iliweka kikomo cha saa 12 kwa wanawake na watoto, ikakataza wasifanyishwe kazi kati ya saa 4 usiku na saa 10 alfajiri, kisha hapohapo ikawapa wenye viwanda vya zamu mbili msamaha wa miaka 15. Sheria ikarekebishwa 1923, na kazi ya usiku kwa wanawake ikaja kukoma Julai 1929. Tangu 1883 hadi 1929, hesabuni wenyewe.

Miaka yote hiyo wenye viwanda walisema nini? Kwamba usiku ukikatazwa, pamba ya Japani itakufa, Waingereza na Wahindi watatumaliza. Basi usiku ulikatazwa. Mwaka 1933, miaka minne tu baadaye, Japani iliipita Uingereza kwa kuuza nguo za pamba nje ya nchi.

Ndiyo maana nasema mateso yale hayakuwa gharama ya maendeleo. Yalikuwa faida ya watu wachache, ikalindwa kwa kucheleweshwa sheria makusudi. Anayetaka tuige Japani aseme anataka tuige kipi. Karibuni.

MZEE WA LUSHOTO

Mleta mada, umeandika kwa uchungu na nakuheshimu kwa hilo. Lakini hadithi umeianzia kiwandani. Ianzie kijijini, ndipo utatenda haki.

Mkulima wa shamba la kukodi katika Japani ya wakati huo alitoa karibu nusu ya mpunga wake kumlipa mwenye ardhi. Milimani kama Hida hata huo mpunga haukustawi. Watu walikula mtama na ulezi, na wali mweupe ulikuwa wa sikukuu. Binti aliyebaki nyumbani hakuwa amekaa kivulini. Alikuwa shambani tangu alfajiri, usiku anasuka na kushona, na hakuna aliyemlipa yeni hata moja. Mdomo mmoja ukipungua nyumbani, wadogo zake wanashiba.

Miaka ya 1960 mwandishi mmoja wa Kijapani aliwatafuta mamia ya vikongwe waliowahi kuvuka Nomugi wakiwa wasichana, akawauliza mmoja mmoja. Wengi sana walisema chakula cha kiwandani kilikuwa bora kuliko cha nyumbani. Walio wengi walisema ujira ulikuwa mzuri. Na karibu wote walisema hawajutii kwenda. Hao ni wao wenyewe wanasema, si mwenye kiwanda.

Na tuitazame njia nyingine iliyokuwapo. Kusini, Amakusa na Shimabara, mabinti wa kimaskini walipakiwa melini wakauzwa kwenye madanguro ya Singapore na kwingineko. Baadhi walifika hadi Unguja yetu hii. Kaskazini, Tohoku, mavuno yalipoharibika mwaka 1934, familia ziliuza mabinti zao kwa mawakala wa madanguro, na jambo hilo liliandikwa wazi magazetini. Mbele ya njia hizo, beseni la hariri lilikuwa wokovu. Usikipime kiwanda kwa haki za leo. Kipime kwa kile ambacho binti yule angekipata asipokwenda.

MLETA MADA

Mzee wangu, shikamoo, na asante kwa kuileta hoja hii mapema kwa sababu ndiyo nzito kuliko zote.

Vikongwe wale nawaamini. Lakini tuwasikilize mpaka mwisho: walipoulizwa kuhusu ukaguzi wa uzi, ule wa kupangwa madaraja, wengi mno walisema waliulilia. Mtu anaweza kushukuru kwamba alipata kazi na bado akawa amedhulumiwa kwenye kazi hiyohiyo. Hayo mawili hayapingani, na mama zetu wengi wanaishi nayo yote mawili.

Kisha waliohojiwa ni waliofika uzeeni. Masai Mine hakuhojiwa. Mwaka 1909 alipougua vibaya huko Okaya, kaka yake aliitwa aje kumchukua, akambeba mgongoni kurudi naye Hida, na binti akafia palepale juu Nomugi walipofika mahali ambapo nyumbani kunaonekana. Mwaka 1913 daktari Ishihara Osamu alieleza hadharani alichokigundua viwandani: mabinti walipungua uzito katika wiki ya zamu ya usiku, na wiki ya mchana haikutosha kuurudisha. Alionyesha pia kwamba waliougua kifua kikuu walirudishwa makwao kufia huko, na wakakipeleka kifua kikuu kwenye vijiji ambavyo havikukijua. Kwa hiyo hata kijiji kilichopokea yeni zake kilipokea na hilo. Kiwanda hakikuhesabu vifo hivyo kwenye vitabu vyake, kwa kuwa havikutokea ndani ya uzio.

Na kuhusu njia mbadala: ni nani aliyezifunga? Mapema katika karne ya 20 wenye viwanda vya hariri wa Suwa waliunda umoja, wakawa na daftari la kuandikisha kila binti. Ukishaandikwa ni wa kiwanda fulani, kiwanda kingine hakikuruhusiwa kukuajiri. Mpango huo ulidumu hadi 1926. Mzee, kama binti alikuwa ameridhika na alichopata kulingana na njia alizokuwa nazo, daftari lilikuwa la kazi gani? Njia bora ilikuwa mlango wa pili tu, mtaa huohuo, na ilizibwa kwa makubaliano ya matajiri. Upande wa pamba walikokosa kumfunga kwa daftari, walimfunga kwa lango la bweni, na bado wengi waliondoka kabla mkataba haujaisha. Kukimbia nako ni jibu la swali ulilouliza.

MSOMAJI WA BUJUMBURA

Samahani, swali dogo. Kwa nini wazazi hawakukataa? Baba anaona binti wa jirani amerudi anakohoa damu, mwakani anampeleka wa kwake?

MZEE WA LUSHOTO

Kwa sababu fedha ya kutanguliza ilikuwa imeshalipa kodi ya ardhi na deni la dukani. Baba yule alikuwa amezungukwa. Nisingependa tumhukumu tukiwa tumeshiba.

MAMA WA ATHI RIVER

Nimeisoma hiyo habari ya madaraja mara mbili. Nimefanya kazi ya kushona nguo za kuuzwa nje kwa miaka kadhaa, kiwanda sikitaji. Sisi lengo la siku lilipangwa kwa laini nzima. Mmoja akichelewa, laini nzima inakosa bonasi. Msimamizi hahitaji kupiga kelele, nyinyi wenyewe mnaanza kumchukia mwenzenu aliye mgonjwa au mjamzito. Kwa hiyo ninapoambiwa kwamba nyongeza ya mmoja ilitoka kwenye makato ya jirani yake, najua kilichotokea bwenini usiku. Hakuna aliyeniambia, najua.

Ndugu zangu wanaume hapa mnabishana kama kazi ilikuwa afadhali kuliko kijiji. Kwangu mimi kazi ilikuwa afadhali kuliko kijiji, kabisa. Nilisomesha wadogo zangu wawili. Lakini kitu kinachobaki moyoni si saa nyingi, ni kwamba walitupanga ili tusipendane. Wasichana walioweza kugoma pamoja wakiwa wamepangwa namna hiyo nawavulia kitambaa. Mleta mada hujagusia migomo, tafadhali iguse.

MCHUMI WA MWENGE

Mleta mada, hoja yako ya 1929 na 1933 inavutia, ila ina tundu na ni haki wasomaji walione.

Desemba 1931 Japani iliachana na kiwango cha dhahabu, yaani kuifunga thamani ya yeni kwenye dhahabu. Ndani ya mwaka mmoja yeni ilikuwa imepoteza zaidi ya nusu ya thamani yake mbele ya dola. Nguo ya Osaka ikawa rahisi kila bandari duniani. Ukisema "walikataza usiku, na miaka minne baadaye wakawashinda Waingereza" bila kuitaja yeni, unampa msomaji sababu isiyo yenyewe.

Tena kazi ya usiku haikufutwa kote, nyingine ilihamishwa. Katika miaka ya 1920 makampuni hayohayo ya pamba yalijenga sana Shanghai na Qingdao. Kule China sheria ya Japani haikufika. Mnakumbuka Mei 1925 mfanyakazi Gu Zhenghong aliuawa kwa risasi kwenye kiwanda cha Wajapani cha Shanghai, na maandamano yakaenea China nzima. Binti wa Kijapani alipopata usingizi wake, binti wa Kichina aliendelea kukesha kwa ajili ya mwenye hisa yuleyule.

Na hata ule mwanzo mwema unaosifiwa sana, kiwanda cha serikali cha Tomioka, uangalieni vizuri. Kilifunguliwa 1872 chini ya Mfaransa Paul Brunat. Wastani wa kazi haukufika saa 8 kwa siku, Jumapili mapumziko, daktari yupo. Wasichana wa kwanza wengi walikuwa wa familia za samurai. Kilikuwa kizuri, na hakikuwa na uhakika wa faida, hadi 1893 serikali ikakiuza kwa kampuni ya Mitsui. Walioiteka biashara ya hariri ni wale wa Suwa wa saa 14. Wema wa Tomioka ulilipiwa na kodi ya mkulima. Mfumo wa Suwa ulijilipa wenyewe. Ndivyo soko lilivyoamua, tupende tusipende.

MLETA MADA

Mchumi, hapa ndipo nilipotaka tufike.

Yeni ilishuka, kweli, na ilisaidia sana mauzo. Lakini ilishuka mwishoni mwa 1931. Tangu Julai 1929 hadi hapo ni zaidi ya miaka miwili, tena miaka ya mdororo mbaya wa uchumi duniani kote, na serikali ilikuwa imeirudisha yeni kwenye dhahabu kwa bei ya juu. Hakuna usiku, hakuna yeni rahisi. Kama utabiri wa wenye viwanda ulikuwa wa kweli, hicho ndicho kilikuwa kipindi cha kufa. Hawakufa. Walichofanya ni kuingiza mashine bora. Toyoda Sakichi alikuwa ameshatengeneza mashine ya kufuma iliyobadilisha nyuzi yenyewe bila kusimama, tangu 1924. Ilikuwa nzuri kiasi kwamba Platt Brothers wa Uingereza, wakubwa wa dunia kwenye mashine hizo, walinunua haki zake mwaka huohuo wa 1929. Kampuni hiyo ya mashine za kufuma ndiyo iliyoanzisha idara ya magari iliyokuja kuwa Toyota mwaka 1937. Akili ya kufanya vizuri ilikuwapo nchini. Lakini mtu mwenye nguvu kazi ya bei ya bure usiku kucha ana haraka gani ya kununua mashine?

Sifichi kwamba mashine zilikuja na machungu yake. Binti mmoja alipewa mashine nyingi zaidi za kuhudumia, wenzake wakapunguzwa. Migomo ya 1930 ilitoka hapo.

Kuhusu Shanghai tuko pamoja, na naomba uione ilivyo: walihamia pale ambapo mfanyakazi hawezi kukataa. Hata ndani ya Japani walifanya hivyo. Kiwanda cha Kishiwada, karibu na Osaka, kilianza kuleta mabinti wa Kikorea tangu 1918, na mwaka 1930 mabinti hao walikuwa kwenye mgomo pamoja na Wajapani.

Tomioka sasa. Kile hakikujengwa kiwe duka la faida, kilijengwa kiwe shule. Wada Ei, binti wa samurai wa Matsushiro, alikwenda Tomioka mwaka 1873, akajifunza, akarudi kwao na kuwafundisha wengine kwenye kiwanda kipya, na ameyaandika mwenyewe katika kumbukumbu zake. Ujuzi uliotumika baadaye ulipita mikononi mwa wanawake wa namna hiyo. Kwa hiyo ile kodi ya mkulima unayoisema ililipia elimu ambayo Suwa waliivuna. Na "soko liliamua" siikubali hata kidogo. Soko lenye daftari la kuwafungia wafanyakazi haliamui chochote, linaamuliwa.

Mama wa Athi River, umeniagiza migomo. Mgomo unaotajwa kuwa wa kwanza wa wafanyakazi wa viwandani Japani ulifanywa na wasichana. Ni Juni 1886, mji wa Kofu, kiwanda cha hariri cha Amamiya. Wenye viwanda wa eneo hilo walikuwa wameungana, wakaongeza saa na kupunguza ujira. Wanawake wapatao 100 walitoka kazini, wakajifungia kwenye hekalu, na wakashinda. Hakuna chama cha wafanyakazi, hakuna sheria ya kuwalinda, hakuna mwanaume wa kuwasemea. Mwaka 1927 huko Okaya, zaidi ya wasichana elfu moja wa kiwanda cha Yamaichi Hayashi waligoma kwa wiki mbili na zaidi. Hao walishindwa. Mabweni yalifungwa, jiko likafungwa, wazazi wakaandikiwa waje kuwachukua mabinti zao.

MWALIMU WA KISUMU

Naomba niongeze jina ambalo sijaliona: Muto Sanji, aliyeiongoza kampuni ya pamba ya Kanegafuchi. Huyu alijenga hospitali, sehemu za kulelea watoto na shule kiwandani, akachapisha gazeti la wafanyakazi na kuweka sanduku la maoni. Alisema kiwanda ni familia. Na kampuni yake ilikuwa miongoni mwa zilizopata faida kubwa zaidi.

Mnaweza kumtumia kwa pande zote mbili. Kwa upande mmoja anathibitisha kwamba kumtunza mfanyakazi hakuui kampuni. Kwa upande mwingine, mwaka 1919 Shirika la Kazi Duniani lilipokutana kwa mara ya kwanza, Washington, Muto ndiye aliyekuwa mjumbe wa waajiri wa Japani, na mkataba wa saa 8 ulipoandikwa, Japani ilitengewa kifungu chake peke yake: saa 57 kwa wiki, na hariri ghafi saa 60. Familia ilikuwa na baba, na baba ndiye aliyesema nje kwa niaba ya mabinti. Hilo ndilo linalonisumbua kwake.

KIJANA WA MOMBASA

Naona wengine wanauliza haya yanatuhusu nini. Yanatuhusu kuliko mnavyodhani. Meli za Osaka Shosen Kaisha zilianza safari za kudumu hadi Afrika Mashariki mwaka 1926, na 1932 Japani ilifungua ubalozi mdogo hapa Mombasa. Kwa nini? Nguo. Mikataba ya bonde la Kongo iliwazuia Waingereza kubagua bidhaa za nchi nyingine Kenya, Uganda na Tanganyika, kwa hiyo walipowawekea Wajapani mipaka ya uagizaji kwenye makoloni mengi mwaka 1934, kwetu walishindwa. Kitambaa cha marekani cha kujitandia, kaniki, kanga, fulana, vingi vilikuwa vya Kijapani. Pamba ya Uganda nayo ilinunuliwa na makampuni ya Kijapani ikaenda kusokotwa Osaka.

Kwa hiyo wakati wa mdororo, mkulima wa Uganda akilipwa senti chache kwa pamba yake, aliyeisokota ni yule binti wa bwenini, na aliyeivaa ni bibi yangu. Bibi alipata nguo ya bei nafuu na ilimsitiri. Sijui nimweke upande gani wa mjadala huu.

MZEE WA LUSHOTO

Umweke upande wangu, kijana. Bei nafuu nayo ni wema kwa maskini.

MAMA WA ATHI RIVER

Bei ilikuwa nafuu kwa sababu kuna mtu hakulipwa, mzee. Bibi hakuombwa kuchagua.

WAKILI, ARUSHA

Nimefuatilia tangu mwanzo. Kuna ushahidi mmoja wa kisheria ambao kwa maoni yangu unauegemea upande wa mleta mada, nao ni Sheria ya Viwango vya Kazi ya Japani ya mwaka 1947.

Isomeni mkiwa na picha ya binti wa Hida akilini. Kifungu cha 16 kinakataza mkataba kupanga faini kwa mfanyakazi anayeuvunja. Cha 17 kinakataza kukata mshahara ili kulipia fedha iliyotangulizwa. Cha 18 kinakataza akiba ya kulazimishwa. Cha 58 kinasema mzazi hawezi kuingia mkataba wa kazi kwa niaba ya mtoto wake. Cha 59 kinasema mzazi haruhusiwi kumpokelea mtoto mshahara. Cha 94 kinamkataza mwajiri kuingilia maisha binafsi ya wafanyakazi bwenini. Dalali, muhuri wa baba, deni, lango: kila kimoja kina kifungu chake. Wabunge hawaandiki namna hiyo kuhusu jambo ambalo taifa linaliona lilikuwa la lazima. Na kiongozi wa kwanza wa idara ya wanawake na vijana katika Wizara mpya ya Kazi, mwaka huohuo, alikuwa Yamakawa Kikue, mwanamke aliyepigania mambo haya tangu kabla ya vita.

MZEE WA LUSHOTO

Wakili, 1947 Japani ilikuwa chini ya jeshi la Marekani. Sheria hiyo iliandikwa bunduki ikiwa mlangoni. Usiitumie kama ushahidi wa Wajapani kujihukumu. Na ilikuja viwanda vikiwa vimeshajengwa. Tajiri anaweza kununua haki, maskini hununua kwanza mashine. Hapo sijatoka.

MLETA MADA

Mzee, kwamba Wamarekani walikuwapo ni kweli. Lakini rudi miaka 20 nyuma, 1927, wakati hakuna askari wa Kimarekani hata mmoja Tokyo. Mabinti wa kiwanda cha Toyo Muslin, mtaa wa Kameido, waligoma, na moja ya madai yao lilikuwa waachwe watoke bwenini kwa hiari yao baada ya kazi. Walilipata. Mwaka huohuo wale wa Okaya walidai chakula bora, ujira bora na uhuru wa kujiunga na chama. Walinyimwa, wakafungiwa nje. Mwaka 1925, Hosoi Wakizo, mwanaume aliyekuwa mfanyakazi wa viwanda vya pamba tangu utotoni na ambaye mkewe pia alikuwa mfanyakazi wa kiwandani, alichapisha kitabu chake kuhusu maisha ya mabinti hao na akafa mwezi mmoja tu baada ya kuchapishwa kwake, hajafika miaka 30. Ndani yake mnatajwa lango, faini na fedha ya kutanguliza, mambo yaleyale ya vifungu vya wakili.

Unasema maskini hununua kwanza mashine. Mabinti wa Kofu walidai haki yao 1886, kabla ya mashine nyingi hizo kununuliwa, na kiwanda cha Amamiya hakikufungwa kwa sababu walikubaliwa. Nakuomba unitajie kiwanda kimoja cha hariri au pamba cha Japani kilichokufa kwa sababu mabinti walilala usiku. Nitakusubiri hapa.